Kulungu wa Kichwa cha Kahawia

"Saimi, hii miti utaikata lini?"

Lempi Kangas aliniuliza hivyo kiangazi kimoja, tumekaa kwenye ngazi za mlango wa nyuma tunamenya njegere, akinionyesha kwa kidevu mitufaha mitatu iliyoko mwisho wa uwanja wangu. Alisema matunda yenyewe yamejaa funza, hata nguruwe wa Urho mumewe hawayataki.

Nikamjibu kwamba kulungu wanayataka.

Lempi akacheka sana. Wenzangu wanafuga ng'ombe wakapata maziwa, akasema, mimi nafuga kulungu wa serikali nikapata mavi. Ana haki ya kunisema. Tumekuwa majirani tangu tulipoolewa, yeye kwa akina Kangas na mimi kwa akina Saari, na mashamba yetu yanapakana kwenye kijito kinachoshuka kwenda Ziwa Superior. Lakini siku ile sikumpa sababu yote. Lempi ni mtu mwema, ila neno likimwingia sikioni halilali humo.

Sababu yote ni hii. Miti ile aliipanda Reino, marehemu mume wangu, mwaka aliozaliwa Alden, mtoto wetu wa pekee. Kulungu wakaja kufuata matufaha, na Alden akakua akiwatazama kupitia dirisha la jikoni, amesimama juu ya stuli, baba yake nyuma yake. Reino hakuwa msemaji. Watu husema sisi Wafini wa huku kaskazini mwa Marekani tunaongea msibani tu, tena mpaka tuombwe, na Reino hata kati yetu alihesabiwa mkimya. Lakini kulungu wakitokea pale kwenye miti, ulimi wake ulifunguka.

Alikuwa akimwambia mtoto asiseme kamwe amemwona kulungu wa rangi gani mpaka kwanza aseme ni mwezi gani. Mwezi wa Juni wote ni wekundu kama mbweha. Ikifika Septemba ule wekundu unabanduka mabaka mabaka, na chini yake unatokea ukijivu mzito wa baridi, hata wageni wa mjini hudhani kulungu wa kwanza wamehama na hawa ni wengine. Ndama huzaliwa na vidoadoa vyeupe, na theluji ya kwanza ikianguka vimekwisha kufutika. Kulungu aliyelowa mvua huonekana mweusi, kwa hiyo usikimbilie kanisani kutangaza kulungu mweusi. Mweusi wa kweli Reino alimwona mara moja tu maishani mwake, ukingoni mwa kinamasi, na hakumwambia mtu ila sisi wawili. Binamu yake alipokuja kutoka Montana akajisifu kwamba kulungu wa kwao ni wakubwa zaidi, Reino alimwuliza kwa upole kama ni wale wenye masikio ya punda na mkia uliochovywa wino. Wa kwetu mkia wao ni mpana, mweupe chini, na wakikimbia huuinua juu kama mtu anayekupungia kitambaa.

Moyo wa Reino ulisimama akiwa zizini, mwezi wa Machi. Alden alikuwa kijana wa kutosha kumbeba baba yake kuingia ndani. Tulimzika, na mtoto akakaa nami mpaka barabara zikakauka, kisha akaniambia hawezi. Hakusema hawezi nini. Akaenda Milwaukee kufanya kazi kwenye kiwanda cha kuyeyusha chuma, na miaka ikapita, ambayo mimi siihesabu, maana kuihesabu ni kama kumlalamikia Mungu.

Nitasema tu kwamba mtu aliyezoea kupikia watatu hajui kupikia mmoja. Nilikuwa nikioka mkate mtamu wa iliki, nusu naupeleka kwa Lempi, robo unakauka. Nilijifunza kulijua gari la kila mtu kwa mlio wake, kusudi nisiinuke bure kitini. Pikapu ya Urho inakohoa. Gari la mchungaji linapiga mluzi kwenye kona. Gari nisilolijua likipita, moyo ulitoka nje peke yake na kurudi peke yake.

Kila Jumapili baada ya ibada simu ya ukutani ililia. Alden aliuliza, "Mzima, Mama?" Nami nikajibu mzima, nikamwuliza naye, akajibu mzima. Huenda alikuwa na homa. Huenda mimi nilikuwa nimelia asubuhi nzima. Tulikuwa wazima. Kisha nasikia mashine ya kufulia ya nyumba aliyopanga ikizunguka nyuma yake, halafu anauliza, "Na kulungu je?"

Hapo ndipo tulipozungumza. Nilimweleza jike yupi amekuja na pacha, dume yupi amevunjika pembe ya kushoto, nani ameanza kubanduka manyoya na nani bado amevaa wekundu wa kiangazi kama mtu asiyejua harusi imekwisha. Aliuliza maswali kama baba yake. Nisipokuwa na hakika nilimwambia sina hakika, nitatazama tena, na Jumapili iliyofuata nikamletea jibu. Katika mambo yote mengine tulifichana, kwa sababu ya kupendana. Katika kulungu hatukuwahi kudanganyana hata mara moja.

Mwaka ule Lempi aliponiuliza juu ya miti, alikuwapo ndama aliyezaliwa mweupe. Weupe wa kulungu una namna zake. Yuko yule mwenye macho ya waridi na pua ya waridi, aliyekosa rangi tangu tumboni. Huyo haoni vizuri na mara nyingi hapiti majira mawili. Yuko wa madoa, kama ng'ombe wa Urho, na baadhi yao miguu hupinda. Huyu wangu hakuwa wa kwanza wala wa pili. Macho yake yalikuwa meusi na miguu imenyooka. Mwili wote mweupe, na kichwa chote cha kahawia, rangi imekatika nyuma ya masikio kana kwamba imepimwa kwa rula. Zaidi ya hapo alikuwa na vile vishungi vya kahawia vya kwenye viungo vya miguu ya nyuma, ambavyo kila kulungu anavyo. Lempi alipomwona alisema ni kama mzee wa kanisa aliyesahau kuvua kofia wakati wa sala.

Nilipomsimulia Alden, aliuliza kama kuna doa lolote mwilini, hata dogo, hata nyuma ya bega. "Tazama vizuri, Mama." Nikachukua darubini ya Reino nikatazama wiki nzima, upande huu na upande ule, jua likiwa nyuma yangu. Jumapili nikamwambia hakuna. Akasema, "Basi huyo ni wa kuachwa."

Sheria ya jimbo letu ndivyo ilivyo. Kulungu wa madoa unaweza kumpiga kama mwingine yeyote. Kulungu mweupe haguswi, na kichwa cha kahawia hakimwondolei weupe, wala vile vishungi. Huku kwetu mtoto anajua jambo hilo kabla hajajua kufunga kamba za viatu.

Ndama akakua akawa dume. Kila msimu wa kuwinda nilimwombea, jambo ambalo mchungaji angenicheka, na kila mara theluji ya Desemba ilimkuta yu hai, nami nisione ila kile kichwa kinachoelea juu ya theluji kuja kwenye matufaha. Nami nilimpenda kwa kuwa kila alipotokea nilikuwa na jambo la kumwambia mwanangu.

Halafu kile kiwanda cha Milwaukee kikafungwa, na Oktoba moja likaja gari nisilolijua mlio wake, nikaketi kwa ubishi nisiinuke, mpaka mlango ukafunguka akaingia Alden na begi lake. Ameanza mvi kidogo juu ya masikio. Alisema, "Mama, nyumba inanukia iliki mpaka barabarani." Nikamwambia avue viatu.

Sijui kueleza furaha, sikusoma kiasi hicho. Nitasema tu kwamba viatu vyake vikubwa vilikuwa mlangoni vikichuruzika maji, nami nilipita karibu navyo mara nyingi kuliko nilivyohitaji. Alitengeneza bomba la jiko. Alipasua kuni za baridi mbili. Jumamosi alikoka moto wa sauna, chumba chetu cha kuogea kwa mvuke, na baada ya mimi kutoka naye aliingia, nikamsikia akimwaga maji juu ya mawe na kuguna kama baba yake.

Urho Kangas alikuwa ameanza kuzeeka na kiwanda chake cha kupasua mbao kilimshinda. Waume wa binti zake wote ni watu wa mjini wanaoogopa msumeno. Akaja akanywa kahawa kwangu, akamwambia Alden kwamba anatafuta mtu wa kushirikiana naye, na kwamba waende kwanza kuwinda pamoja, halafu Sikukuu ya Shukrani, mwishoni mwa Novemba, wazungumze. Kwetu mtu hapeani mkono wa kazi na mtu ambaye hajalala naye kibanda kimoja msituni. Nilipomwuliza Alden ameamua nini, alisema, "Tuuone msimu kwanza, Mama." Nikalishika neno hilo. Nilikuwa namwomba Mungu mambo mengi, afya, mvua, wagonjwa wa kanisani. Mwezi ule nilimwomba moja tu, kwamba Alden abaki.

Nilitazama kama anabaki. Mtu anayetaka kuondoka haweki nguo zake kwenye droo. Mwanzoni aliziacha ndani ya begi. Wiki ya pili ya Novemba nilipoingia kufagia, droo ilikuwa imejaa na begi liko juu ya kabati.

Jioni moja alitoka kibandani kwa akina Kangas anacheka. Kule kuna desturi: anayepiga akakosa anakatwa kipande cha nyuma cha shati, kinapigiliwa ukutani na jina lake. Alden alikosa akiwa kijana, na kipande chake, kitambaa cha buluu cha mirabaraba nilichokishona mwenyewe, kilikuwa bado ukutani miaka yote ile. Urho alimwonyesha akamwambia, "Bendera yako haijashushwa, kijana. Tuliilinda ukiwa ughaibuni." Wenzake wakamwuliza kama huko Milwaukee bado anakosa, au amepata dawa. Nilifurahi kuliko yeye. Wanaokutania hivyo wamekwisha kukuhesabu kuwa wao.

Usiku wa kuamkia ufunguzi wa msimu wa kuwinda theluji ilianguka nzito, yenye maji, ikashikamana na kila kitu, mpaka mierezi ya kinamasini ikawa kama watu waliojifunika shuka. Asubuhi hiyo milio ya bunduki inasikika kila upande kama milango inayofungwa nyumba ya mbali, na mimi sishtuki. Lakini bunduki ya Reino naijua. Ina mlio mfupi, mkavu. Alden ndiye aliyekuwa nayo. Ikalia mara moja kutoka kinamasini, nikasema asante Bwana, nikaweka kahawa jikoni.

Alirudi mapema, na hakuingia ndani. Niliona pikapu yake ikipita moja kwa moja mpaka ghalani. Kahawa ikachemka ikatulia. Nikavaa koti la Reino nikatoka.

Alikuwa amepiga magoti karibu na turubai. Nilikiona kichwa kwanza, pembe zake nzuri, na kile kikomo cha rangi nyuma ya masikio. Sikuhitaji aniambie kitu. Lakini aliniambia, bila kunitazama.

"Niliona kichwa tu, Mama. Kichwa na pembe, katikati ya mierezi. Kwingine kote ni theluji. Nikalenga pale shingo inapotakiwa kuwa. Halafu theluji ikaanguka chini, kumbe ni mwili wake."

Nikamwamini, na namwamini mpaka leo. Kosa kama hilo huwezi kulifanya ila huku kwetu, ila siku kama ile. Nikamwambia hivyo. Nikamwambia Gordon ni mtu wa haki, ataelewa. Gordon Wiita ndiye bwana nyama wa wilaya yetu, mwenzetu wa kanisa, anaimba sauti ya chini kwenye kwaya.

Alden akasema ameshampigia simu Gordon kutoka barabarani, dukani. Kabla ya hapo Urho alikutana na Alden pale kijitoni, akaona kile kichwa na ukingo wa weupe chini ya turubai, na hakuuliza swali. Alimwambia tu ampigie bwana nyama mwenyewe kabla hajasikia kwa mtu mwingine. Gordon angekuja kesho baada ya ibada.

"Umemwambia nini?" nikauliza.

"Nimemwambia ni wa madoa."

Akalivuta turubai nyuma. Tundu la risasi lilikuwa shingoni, safi. Lakini chini zaidi, nyuma ya bega la kushoto, kipande cha ngozi chenye ukubwa wa sahani hakikuwapo, na nyama iko wazi. Alisema ngozi ilichanika kwenye seng'enge wakati anamburuta, na kwamba pale palikuwa na doa. Nikautazama ule ukingo. Nimechuna wanyama maisha yangu yote. Seng'enge haikati duara.

Nilipoinua macho alikuwa ananitazama, na alijua nimeona.

"Wewe ndiye uliyemjua huyu mnyama," akasema. "Kila mtu huku anajua kwamba ulimjua. Gordon atakuuliza wewe. Sema tu doa lilikuwapo."

Akasema watamnyang'anya bunduki ya baba. Watamfungia leseni misimu kadhaa, na jina lake litakuwa kwenye gazeti la Alhamisi, na Urho ni mtu wa kusimama mbele ya watu kanisani, hawezi kuweka jina hilo ubavuni mwa lake. "Nimerudi nikiwa mtu aliyeachishwa kazi," akasema. "Sitakaa hapa niwe pia mtu aliyempiga yule mweupe. Siwezi, Mama. Nakwambia mapema."

Alisema kwa sauti ya chini, bila hasira. Ingekuwa hasira ningejua la kufanya, hasira za mtoto wangu nazijua. Nikamwambia kahawa iko tayari. Akaja akanywa. Jioni ile alikula vizuri, nikamtazama anavyokula, nikafikiri jinsi neno lile lilivyo dogo. Doa. Nilidanganya makubwa zaidi kila Jumapili kwenye simu. Nilisema mzima.

Asubuhi alivaa shati jeupe akaenda nami kanisani. Hakuwa ameketi kwenye benchi letu tangu siku ya mazishi ya baba yake. Tuliimba ule wimbo wa kale kwa Kifini, lugha ya wazee, naye maneno hakuyasahau, bega lake limegusana na langu, nikahisi kifua chake kikitetemeka kwenye nota za chini. Mchungaji alihubiri, sikusikia hata neno moja, Mungu anisamehe. Nilikuwa nikihesabu haki yangu. Nilisema, Bwana, mimi sikuomba mali. Niliomba huyu. Umenipa, halafu unaniuliza bei.

Lakini jambo jingine lilinisumbua, na si amri ya Mungu peke yake. Nilijiuliza, tukishadanganyana juu ya huyu kulungu, kesho nitamwambia nini mwanangu ambacho atakiamini? Tutakaa nyumba moja, tutakula meza moja, na kulungu watakuja kwenye matufaha, na yeye hataniuliza tena tazama vizuri, Mama, kwa kuwa atajua macho yangu yanaona kinachotakiwa.

Gordon alifika mchana akiwa bado na tai ya kwaya chini ya koti la kazi. Alikwenda ghalani na Alden, hawakukaa sana, wakarudi. Kwetu mgeni hasemi la kazi kabla ya kahawa, hata awe amekuja kukukamata. Nikamwaga vikombe vitatu, nikakata mkate. Gordon aliusifu. Aliuliza habari za goti langu. Alieleza kwamba katika kwaya kuna mtu anaimba puani na hakuna mwenye ujasiri wa kumwambia, na kwamba anashuku mtu huyo ni yeye. Alden akatabasamu kidogo. Nikamwongezea mgeni kahawa, akakubali, na kikombe cha pili kilipofika nusu akakiweka chini.

"Mama Saari," akasema, "seng'enge za Kangas ni kali sana." Alikuwa akitazama kikombe, si mimi. "Ngozi haipo, basi mimi siwezi kusema kilichokuwapo. Alden anasema palikuwa na doa. Wewe ulimwona huyu dume tangu ndama. Ukiniambia lilikuwapo, naandika ni wa madoa, natia sahihi, naenda kula chakula cha mke wangu, na jambo limekwisha. Sitauliza mara ya pili."

Alinifungulia mlango kabisa, maskini Gordon. Kwa upole wake alikuwa ameufungua mpaka mwisho.

Mkono wa Alden ulikuwa juu ya meza karibu na wangu, mkono wa baba yake, kucha zimeingia rangi ya chuma ambayo haitoki. Nje, chini ya miti, majike wawili walikuwa wakifukua theluji kwa kwato, wa kijivu wote wawili, wamevaa baridi. Nilitamani aniulize habari zao.

"Hakuwa na doa, Gordon," nikasema. "Wala upande huu wala upande ule. Nilitazama vizuri."

Gordon alifumba macho kidogo, kama mtu aliyemwagiwa maji. Kisha akasema, "Haya." Akatoa karatasi zake mfukoni akaanza kuandika. Baada ya muda alisema, taratibu sana, kwamba itambidi aichukue bunduki, na kwamba ataandika waziwazi kuwa mwenyewe alipiga simu, kuwa theluji ilikuwa nzito, na kuwa hakimu huyazingatia mambo hayo.

Alden aliinuka. Alikwenda chumbani akarudi na bunduki ya Reino, ameifuta mafuta, mtambo umefunguliwa watu waone haina risasi, kama alivyofundishwa. Akailaza juu ya meza, pembeni mwa mkate. Nikamwita jina lake. Nilitaka kumwambia kwamba kosa lile theluji ndiyo iliyolifanya, si yeye, na kwamba Urho ni mgumu lakini si jiwe, na kwamba droo imejaa nguo zake na mimi sitaigusa.

Alinitazama. Si kwa chuki. Ningeliweza kuishi na chuki. Alinitazama jinsi alivyokuwa akitazama kupitia dirisha lile alipokuwa mdogo, mnyama anapofika ukingoni mwa miti nawe huwezi kumfuata tena.

Akavaa viatu vyake pale mlangoni, akafunga kamba, akachukua koti. Gordon aliacha kuandika. Alden akafungua mlango, baridi ikaingia ikapeperusha ile karatasi mezani, naye akatoka, akaurudisha mlango taratibu nyuma yake, kusudi nyumba isipoe.